UZI: Tommy John mwenyewe, si operesheni. Misimu 26 ya mtupaji wa mkono wa kushoto

Kichuguu (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam. Kila mtupaji wa besiboli anapoumia kiwiko, humu ndani utasoma "kafanyiwa Tommy John", "anasubiri Tommy John". Jina limekuwa la kisu, yaani operesheni ya kujenga upya ligamenti ya kiwiko, na mwenye jina amesahaulika. Naomba tumrudie mwenyewe, maana alikuwa mtupaji wa kiwango cha juu kabla ya kisu na baada ya kisu, na ukimsoma vizuri unaelewa kwa nini kisu kilimfaa.

Alizaliwa Terre Haute, Indiana, Mei 22, 1943. Sekondari alikuwa hodari wa mpira wa kikapu kiasi kwamba vyuo vilimtaka kwa huo, lakini 1961 akasaini na Cleveland Indians. Septemba 1963, akiwa na miaka 20, alishapanda ligi kuu. Cleveland haikumkalia vizuri: ushindi 2, vipigo (mechi alizopoteza) 11 katika vipande viwili vya msimu. Januari 1965 akapelekwa Chicago White Sox, akakaa misimu saba. Hapo ndipo alipojulikana. Mwaka 1968 wastani wake ulikuwa mikimbio 1.98 aliyoruhusu kwa kila ininzi 9 (ininzi ni zamu za timu kupiga, mechi kamili ina 9), akaitwa kwenye mechi ya nyota. Agosti mwaka huohuo akampelekea Dick McAuliffe wa Detroit mipira iliyompita karibu na kichwa, wakarushiana maneno, McAuliffe akakikimbilia kichuguu, ule mwinuko anaposimama mtupaji, wakakumbana. Bega la John likaumia, msimu wake ukaishia hapo. McAuliffe alifungiwa mechi tano na kutozwa dola 250.

Desemba 1971 White Sox wakamtoa kwa Los Angeles Dodgers ili wampate Dick Allen. Akashinda 11, kisha 16, na kufikia katikati ya Julai 1974 alikuwa na ushindi 13 na vipigo 3 tu.

Julai 17, 1974, Dodger Stadium, wageni ni Montreal Expos. Ininzi ya tatu, mpigaji ni Hal Breeden. John akatupa mpira wake wa kuzama na mkono ukamwachia. Akajaribu mmoja zaidi, ukaenda kombo. Akashuka kwenye kichuguu kwa miguu yake mwenyewe, akamwambia kocha atafute mtu mwingine.

Wenye utaalamu wa viungo, karibuni. Mimi sehemu yangu ni historia.

---

Mnyooshaviungo

Mkuu Kichuguu, umefanya la maana. Naanza na kilichokatika.

Upande wa ndani wa kiwiko, ule unaogusa mbavu ukisimama viganja vikitazama mbele, kuna ligamenti inayofunga mfupa wa mkono wa juu na mfupa wa alna wa chini. Ina urefu wa sentimita chache tu. Tusiichanganye na kano: kano hufunga msuli na mfupa, ligamenti hufunga mfupa na mfupa. Mtu anayebeba ndoo, anayelima, hata anayecheza mpira wa miguu, anaweza kuishi bila ligamenti hii asijue. Inahitajika kweli pale mkono unapotupwa nyuma ya bega halafu ukavutwa mbele kwa ghafla.

Watafiti walipompima mtupaji wa kiwango cha juu walikuta nguvu inayokifungua kiwiko kuelekea nje inafika kama nyutoni-mita 64. Ligamenti za maiti zikivutwa maabara hukatika kwenye kama 32. Kwa picha rahisi: kunja kiwiko, kiganja kiwe sentimita 33 kutoka kiwikoni, uning'inize kilo 20 kwenye kiganja zikivuta mkono uende upande usiopindia. Ndiyo 64 hiyo. Kinachookoa ni misuli ya ndani ya mkono wa chini, inayogawana mzigo na ligamenti. Misuli ikichoka, mgao unabadilika na ligamenti inabebeshwa kilichobaki. Kwa hiyo mara nyingi haikatiki kwa mpira mmoja. Huchanika nyuzi chache leo, chache wiki ijayo, kisha mpira mmoja ndio unaomalizia.

---

Sengerema

Swali wakuu. Kama mtu anaweza kuishi bila ligamenti hiyo, kwa nini John asingeendelea kutupa taratibu?

---

Mnyooshaviungo

Alijaribu. Walimpumzisha kwanza, akarudi kutupa, mkono haukuwa na kitu. Bila ligamenti kiwiko kinafunguka kidogo upande wa ndani kila unapotupa, mpira unapoteza nguvu na uelekeo, na neva iliyopita hapo inavutwa.

Yupo mmoja aliyewahi kutupa bila ligamenti: R.A. Dickey. Mwaka 1996 Texas Rangers walikuwa wamekubali kumpa dola 810,000 za kusaini. Daktari wao akagundua kwenye vipimo kwamba hana kabisa ligamenti hiyo mkono wa kulia, na kitita kikashuka hadi dola 75,000. Baadaye akahamia kwenye mpira usiozunguka, unaotupwa kwa kasi ndogo, na 2012 akachukua tuzo ya Cy Young, ya mtupaji bora wa mwaka. Yeye ni wa pekee, asiwe kipimo cha wengine.

---

Bi Takwimu

Naongeza mtu wa kulinganisha naye. Sandy Koufax, Dodgers huohuo, pia mkono wa kushoto. Mwaka 1966 alishinda 27, akapoteza 9, wastani 1.73, kisha akastaafu na miaka 30 kwa sababu ya kiwiko chenye baridi yabisi. Nane tu ndiyo miaka iliyopita kati ya kustaafu kwake na kuumia kwa John, klabu ni ileile. Kabla ya 1974 mtupaji akiambiwa "mkono umekufa" alirudi kwao kutafuta kazi nyingine.

---

Mnyooshaviungo

Ahsante dada. Sasa operesheni yenyewe, Septemba 25, 1974. Daktari ni Frank Jobe, mwenza wa Robert Kerlan. Alimwita Herbert Stark, daktari wa mikono aliyezoea kuhamisha kano. Jobe alimweleza John waziwazi kwamba nafasi ya kurudi ligi kuu ni moja kwa mia. John akakubali, kwa kuwa bila kisu nafasi ilikuwa sifuri.

Kano walilotumia linaitwa palmarisi longusi. Jipime sasa hivi: gusanisha kidole gumba na kidole cha mwisho, kisha kunja kifundo cha mkono kidogo kuelekea kwako. Kamba nyembamba itakayochomoza katikati ya kifundo ndiyo hiyo. Baadhi ya watu hawana, mkono mmoja au yote miwili, na hawapungukiwi na chochote. Ndiyo maana linafaa kuchukuliwa. John alitolewa la mkono wa kulia, maana anatupa kwa kushoto. Asiye nalo siku hizi huchukuliwa kano la paja.

Hatua kwa muhtasari, namna Jobe alivyoifanya:

Ngozi inachanwa upande wa ndani wa kiwiko. Misuli inayoanzia kwenye kifundo cha mfupa inabanduliwa ili ligamenti ionekane. Ikithibitika imekatika, matundu yanatobolewa kwa drili: mawili kwenye alna yanayokutana ndani, na mengine kwenye mfupa wa juu. Kano linapitishwa matunduni kwa umbo la namba 8, linavutwa likaze, linashonwa lenyewe kwa lenyewe, kisha misuli inarudishwa mahali pake.

Hapo kazi ya daktari imekwisha, ya mwili ndiyo inaanza. Kano lililohamishwa halina damu. Seli zake nyingi hufa, kisha mishipa midogo inaota ndani yake na seli mpya zinalijenga upya taratibu lifanye kazi ya ligamenti. Kwa miezi mingi mgonjwa anaweza kujisikia mzima huku uzi wa ndani bado laini. Anayeharakisha hapa analilegeza, na kano lililolegea halikazwi kwa mazoezi. Ni kisu tena.

---

Mdakaji

Kuna kitu wengi hawakijui. John alifanyiwa operesheni mbili, si moja.

---

Mnyooshaviungo

Kweli mkuu, na ya pili ndiyo iliyokaribia kummaliza. Neva ya alna inapita nyuma ya kile kifundo cha ndani cha kiwiko, palepale ukijigonga mkono wote unapigwa na ganzi. Baada ya kisu cha kwanza, kovu likaibana. Vidole vya John vikakunjika kama kucha za kunguru, misuli midogo ya kiganja ikaanza kusinyaa. Desemba 1974 Jobe akafungua tena, akaitoa neva kwenye kovu na kuihamishia mbele ya kiwiko.

Sasa fanya hesabu. Neva iliyoumia huota kwa kasi ya kama milimita 1 kwa siku. Kutoka kiwikoni hadi misuli ya kiganja ni sentimita 25 hadi 30. Maana yake siku 250 hadi 300, na hakuna dawa ya kuiharakisha. Ukihesabu kutoka Desemba unaangukia Agosti hadi Oktoba 1975. Na ndivyo ilivyokuwa: miezi ile yote John alitupa akiwa amefunga vidole kwa plasta ili vikae kwenye mpira, na vuli ya 1975 ndipo alipoweza kucheza mechi za ligi ya mafunzo kule Arizona.

Hii neva ndiyo inayotawanya na kukusanya vidole. Mtupaji anaposogeza kidole cha shahada milimita chache juu ya mshono, ni neva hiyo inayofanya kazi. Ligamenti ingepona bila neva, John angekuwa na kiwiko imara na mpira usiokwenda anakotaka.

---

Kichuguu

Sehemu ya Mike Marshall isipotee. Marshall alikuwa mwenzake Dodgers, mtupaji wa kumalizia mechi, na alikuwa akisomea sayansi ya mwendo wa mwili chuo kikuu. Mwaka ule wa 1974 Marshall alitupa katika mechi 106, rekodi ambayo haijaguswa, na akachukua Cy Young. Alimfundisha John namna nyingine ya kushika mpira na ya kwenda mbele: mguu wa mbele uende moja kwa moja kwa mdakaji (anayepokea mpira nyuma ya mpigaji) badala ya kujizungusha, mwili uufuate. Mwaka mzima wa 1975 John hakucheza hata mechi moja ya ligi kuu. Alitupa mazoezini karibu kila siku, polepole, akiujenga mwendo upya.

Aprili 1976 akarudi kichuguuni. Msimu huo alishinda 10, akapoteza 10, wastani 3.09, ininzi 207. Hiyo 207 ndiyo ya kuitazama, siyo 10 kwa 10, maana inaonyesha kiwiko kilihimili msimu mzima.

---

Bi Takwimu

Naweka hesabu yote mezani, wadau wajionee.

Kabla ya kisu: ushindi 124. Baada ya kisu: 164. Jumla 288, vipigo 231, wastani wa maisha 3.34, ininzi 4,710 na kichele.

Mwaka 1977: 20 kwa 7, wastani 2.78. Mwaka 1978: 17 kwa 10. Akahamia New York Yankees, 1979 akashinda 21 na kupoteza 9, 1980 akashinda 22 na kupoteza 9, akiwa na miaka 37. Misimu mitatu ya ushindi 20 au zaidi, yote mitatu ikiwa baada ya kiwiko kushonwa. Kabla hakuwahi hata mmoja.

Sasa tazama hii: waliotolewa kwa straiki, yaani bila kuupeleka mpira uwanjani, maisha yake yote ni 2,245. Gawanya, unapata kama 4.3 kwa kila ininzi 9. Ni kidogo sana kwa mtu mwenye ushindi 288. Watupaji wa leo wengi huwa juu ya 8. Kwa hiyo karibu kila mpigaji alikuwa anaugonga mpira wa John. Swali ni ulikokuwa unaelekea.

---

Mdakaji

Ulikuwa unaelekea chini, dada, kwa Bill Russell au Davey Lopes, walinzi wa ndani wa Dodgers, wale wanaosimama kati ya besi.

Niwaeleze mpira wa kuzama, kwa sababu ndio uliomlisha mtu huyu miaka 26. Mpira wenyewe una gramu 142 hadi 149, mzingo kama sentimita 23, na mishono 108 ya nyuzi mbili. Mishono ile nyekundu inakaribiana sana sehemu mbili. Kwa mpira wa kasi wa kawaida unaweka shahada na kidole cha kati kukatiza mishono, ili mpira ukizunguka mistari minne ikate hewa. Kwa wa kuzama unalaza vidole hivyo viwili kufuata mishono pale inapokaribiana, gumba chini, na ukandamizaji unaegemea shahada. Unapoachia, kiganja kinageukia nje, gumba likielekea chini.

Mzunguko wa kurudi nyuma ndio unaouinua mpira hewani. Ukiulaza mhimili wa mzunguko, kuinuliwa kunapungua na mpira unasukumwa upande wa mkono wa mtupaji. Kwa mtu wa kushoto kama John, mpira unashuka huku ukimkimbia mpigaji wa mkono wa kulia. Gongo linapofika linakutana na nusu ya juu ya mpira. Nusu ya juu ikigongwa, mpira unapiga ardhi.

Makosa ya kawaida ni matatu. Kushika kwa nguvu mno kiganjani: mpira unaganda, unatoka mzito bila kuzama. Kupinda kifundo cha mkono kwa makusudi ili uzame zaidi: unapoteza uelekeo na unakiumiza kiwiko, maana mzamo unatoka kwenye mshiko na pembe ya mkono. La tatu ni kuutupa juu. Mpira wa kuzama ulioachwa kifuani huwa mpira wa kasi uliopungua kasi, na huo unaishia jukwaani. Mahali pake ni magotini kwenda chini.

Sharti la mwisho haliko mkononi mwa mtupaji: uwe na walinzi wa ndani. Dodgers walikuwa na Garvey, Lopes, Russell na Cey, wanne walewale kuanzia 1973 hadi 1981. Mtupaji wa mipira ya ardhini akiwa na wanne wanaofahamiana hivyo, besi ya kwanza ikiwa na mtu, mpira mmoja unawatoa wapinzani wawili kwa pamoja.

---

Sengerema

Hapo nimeelewa kitu. Kumbe alirudi kwa sababu hakuwa mtu wa kasi tangu mwanzo?

---

Mdakaji

Ndiyo sehemu kubwa, mkuu. Mtu anayeishi kwa mzamo na uelekeo hahitaji mkono wake urudi asilimia mia ya kasi. Anahitaji vidole, ndiyo maana neva ilikuwa na uzito ule. Hili wanalisahau wanaoamini kwamba kisu kinaongeza kasi. Kano jipya halisukumi mpira. Kinachotokea ni kwamba mtupaji alikuwa anatupa miezi kadhaa na ligamenti iliyochanika, kasi imeshashuka, kisha anapata mwaka mzima wa kuimarisha miguu, kiuno na bega, ambao hakuwahi kuupata akiwa mzima.

---

Kichuguu

Turudi kwenye maisha yake, maana kuna jambo moja la 1981. Fainali za dunia (World Series, za ubingwa wa ligi kuu ya Marekani), Yankees na Dodgers, klabu yake mpya na ya zamani. John alikuwa ameshapoteza fainali mbili akiwa na Dodgers, 1977 na 1978, zote dhidi ya Yankees hao. Mchezo wa sita, ininzi ya nne, matokeo 1 kwa 1, na John anatupa vizuri. Kocha Bob Lemon akamtoa ili amwingize mpigaji wa akiba mahali pake, kwa sababu fainali ile watupaji walikuwa wanapiga wenyewe. Mpigaji hakufanikiwa. Watupaji waliomfuata John wakabomolewa, Dodgers wakashinda 9 kwa 2 na kubeba kombe. Kamera zilimwonyesha John akizunguka ndani ya kibanda asiamini. Hakuwahi kuvaa pete ya ubingwa, na kwangu uamuzi ule ulikuwa kosa la wazi: ukiwa na mtu wa mipira ya ardhini aliyetulia, mechi ikiwa sare, humtoi ininzi ya nne.

Baadaye California Angels kuanzia 1982, Oakland 1985, akarudi Yankees 1986. Julai 27, 1988, dhidi ya Milwaukee, alifanya makosa matatu katika tukio moja: akaushindwa mpira mdogo wa ardhini, akautupa kombo besi ya kwanza, kisha akaukatiza mpira uliokuwa unarudishwa besi ya nyumbani na kuutupa kombo tena. Yankees bado walishinda 16 kwa 3. Mwaka 1989, akiwa na miaka 45, ndiye aliyefungua msimu wa Yankees kule Minnesota, na akashinda. Akaachwa mwishoni mwa Mei, siku chache baada ya kutimiza 46.

---

Bi Takwimu

Na Jumba la Mashujaa wa besiboli, Cooperstown? Alikaa kwenye kura za waandishi miaka 15, kuanzia 1995 hadi 2009. Kura yake ya juu ilikuwa ya mwisho, asilimia 31.7. Inatakiwa 75. Desemba 2024 jina lake lilikuwa mbele ya kamati ya wachezaji wa zamani, akakosa. Karatasi ileile ilikuwa na Dick Allen, yule waliyebadilishana naye 1971. Allen akapita, miaka minne baada ya kufariki kwake.

Daktari Jobe aliheshimiwa Cooperstown 2013, akafariki Machi 2014. John Smoltz akawa mtupaji wa kwanza mwenye operesheni hiyo kuingizwa Jumbani, 2015. Mwenye jina bado yuko nje.

---

Mdakaji

Wanaompinga wana hoja, tuwatendee haki. Hakushinda Cy Young hata mara moja, alikuwa wa pili mara mbili, na 288 ni pungufu kwa 12 kufika 300 inayofungua mlango. Lakini ondoa msimu mmoja na nusu alioukosa. Kipindi kile alikuwa anashinda zaidi ya 10 kwa mwaka bila kukosa. Hizo 12 ziko ndani ya 1975.

---

Kocha wa Shule

Wakuu, nimesoma uzi wote. Besiboli ya watoto kwetu Afrika Mashariki inakua. Uganda ilipeleka timu ya Lugazi kwenye fainali za dunia za watoto kule Williamsport, Marekani, 2012, timu ya kwanza kutoka Afrika, na watupaji wa Uganda sasa wanasajiliwa na klabu za Marekani. Naomba mwongozo kwa namba: mtoto atupe mipira mingapi, na akilalamika kiwiko nifanye nini? Hospitali ya upasuaji wa aina hii hatuna jirani.

---

Mnyooshaviungo

Kocha, hili ndilo swali lenye faida kuliko yote. Chukua hesabu za mwongozo unaotumika Marekani.

Kikomo kwa siku moja: miaka 7–8 mipira 50, miaka 9–10 mipira 75, miaka 11–12 mipira 85, miaka 13–16 mipira 95, miaka 17–18 mipira 105.

Mapumziko kwa wenye miaka 14 kushuka: akitupa 1–20, anaweza kutupa kesho. Akitupa 21–35, siku 1. 36–50, siku 2. 51–65, siku 3. 66 kwenda juu, siku 4. Kwa miaka 15–16 ngazi ni 1–30 bila siku, 31–45 siku 1, 46–60 siku 2, 61–75 siku 3, 76 kuendelea siku 4.

Tafuta mtu mmoja mwenye daftari, kazi yake iwe kuhesabu tu. Kocha anayeongoza mechi huwa anapoteza hesabu kwenye ininzi ngumu, na ininzi ngumu ndiyo inayoumiza. Aliyetoka kutupa asipelekwe kudaka: mdakaji anarudisha mpira kila mara, mkono unakuwa haujapumzika. Kila mwaka mtoto akae miezi minne bila kutupa, angalau miwili au mitatu ikiwa mfululizo. Hapo acheze mpira wa miguu, akimbie, aogelee.

Kuhusu maumivu. Mtoto ambaye mifupa bado inakua, sehemu dhaifu mara nyingi si ligamenti. Ni ile sahani ya ukuaji kwenye kifundo cha ndani cha kiwiko, gegedu ambayo haijawa mfupa. Inavutwa, inafunguka. Mbonyeze kwa kidole palepale kwenye kifundo. Akiruka kwa maumivu, asitupe tena siku hiyo, na asitupe kwa wiki sita kwa uchache. Eksirei inapatikana hata hospitali ya wilaya, na ipigwe mikono yote miwili ili daktari alinganishe. Usimpe dawa ya maumivu ili amalizie mechi, dawa inazima taarifa tu.

Akiwa ameshakua, mwenye miaka 17 au 18, sikiliza dalili hizi: maumivu ya ndani mkono ukiwa nyuma kabisa kabla ya kwenda mbele, mpira kuanza kwenda juu ya alikokusudia, ganzi kwenye kidole cha mwisho na jirani yake. Ganzi isisubiri wiki ijayo.

---

Kocha wa Shule

Shukrani sana. Na aliyepumzika wiki sita, anarudi vipi?

---

Mnyooshaviungo

Kwanza akunje na kunyoosha kiwiko sawasawa na mkono wa pili, bila maumivu, na ukibonyeza kifundo asisikie kitu. Kisha anza mita 14, mipira 25, apumzike dakika tano hadi kumi, 25 tena. Siku moja ya kutupa, moja ya kupumzika. Akifanya hivyo mara mbili bila maumivu, ongeza awamu ya tatu ya mipira 25. Halafu sogea mita 18, rudia ngazi zilezile, kisha mita 27, kisha 36. Mpira upae kidogo kama tao, asinyooshe kwa nguvu.

Maumivu ya misuli yanayokwisha kesho yake ni ya kawaida. Maumivu ya kwenye kiungo, au yanayofika siku ya pili, rudi ngazi moja nyuma. Kichuguu kinakuja mwisho, kwa nusu ya nguvu, mipira ya kasi tu. Ya kupinda iongezwe wiki za mwisho.

Waliofanyiwa kisu hupita ngazi hizihizi, ila wanaanza mita 14 mwezi wa nne au wa tano, na mechi ni baada ya miezi 12 hadi 18. John alirudi baada ya miezi 18 na zaidi.

---

Mdakaji

Kocha, nyongeza ndogo: pima mita hizo kwa kamba yenye mafundo, uifunge kwenye nguzo ya goli. Ukipima kwa hatua, watoto husogea nyuma wenyewe wakianza kujisikia vizuri.